Constantine Orbelian na mambo ambayo watu huyaelewa vibaya

Kwa Kiswahili neno kondakta limeshachukuliwa na wa kwenye basi, kwa hiyo hapa nitasema mwongoza okestra. Ninayemzungumzia ni Constantine Orbelian, Mmarekani mwenye asili ya Armenia, aliyezaliwa San Francisco mwaka 1956. Nampenda sana mwanamuziki huyu, na huniuma kuona anavyoelezwa visivyo.

Kosa la kwanza ni la jina. Wengi humchanganya na Konstantin Orbelyan, mtunzi na kiongozi wa bendi kubwa ya jazi ya serikali ya Armenia enzi za Usovieti. Huyo ni baba yake mdogo. Majina yamefanana, kazi ni mbali.

Wengine hudhani alizaliwa Urusi kisha akakimbilia Marekani kutafuta maisha. Safari yake ilikwenda kinyume kabisa. Wahamiaji walikuwa wazazi wake. Yeye alikulia California, akapiga piano na okestra ya San Francisco akiwa na miaka 11, halafu akasoma Juilliard, chuo cha muziki cha New York. Mwaka 1991, Umoja wa Kisovieti ukiwa unasambaratika na wanamuziki wengi wa huko wakitafuta njia ya kwenda Magharibi, yeye alikubali kuiongoza Okestra ya Chemba ya Moscow, yaani okestra ndogo yenye wapigaji wachache. Alikuwa Mmarekani wa kwanza kukabidhiwa kundi la muziki la Kirusi. Wala halikuwa kundi la kubahatisha: lilianzishwa na mwongozaji Rudolf Barshai mwaka 1955, na mwaka 1969 ndilo lililopiga kwa mara ya kwanza Simfoni ya 14 ya Shostakovich, mtunzi mkubwa wa Kirusi. Kijana wa California kusimama mbele ya watu wenye historia hiyo kulihitaji moyo. Mwaka 2004 Urusi ilimtunuku cheo cha Msanii wa Heshima.

Dhana inayonisikitisha zaidi ni ile ya kwamba mwongoza okestra hupunga kijiti tu, na wapigaji wangeweza kwenda bila yeye. Aliyewahi kuimba kwaya chini ya mwalimu hodari hawezi kusema hivyo. Kila mpigaji ana karatasi ya sehemu yake peke yake. Mwongozaji ndiye mwenye nota za wote mbele yake. Kazi kubwa hufanyika mazoezini: nani apunguze sauti, wapi mwendo uvutwe, wapi wote wanyamaze. Na kuna kazi ya kumsindikiza mwimbaji, ambayo kwangu ndiyo kipaji kikuu cha Orbelian. Mwimbaji akirefusha nota moja kuliko jana, okestra nzima lazima imsubiri, na ishara hutoka mkononi mwa mtu mmoja aliyemsikia akivuta pumzi. Sikiliza rekodi ya Rigoletto, opera (mchezo wa kuigiza unaoimbwa) ya mtunzi Verdi, mwimbaji wa Kirusi Dmitri Hvorostovsky akiimba. Ilirekodiwa Kaunas, Lithuania, mwaka 2016, na okestra ya mji huo chini ya Orbelian. Hvorostovsky alikuwa tayari na saratani ya ubongo, akafariki Novemba 2017. Hakuna mahali okestra inapomfunika wala kumharakisha.

Kaunas, mji usio mkubwa, inajibu pia wanaoamini kwamba mwongozaji mkubwa hupatikana katika miji mikubwa tu.

Kisha kuna wanaosema mtu wa ughaibuni akirudi kwa mababu hupokelewa kama mwana wa nyumbani. Orbelian aliongoza jumba la opera na baleti la Yerevan, mji mkuu wa Armenia, lakini mwaka 2019 aliondolewa na wizara ya utamaduni, na moja ya hoja zilizotolewa ilikuwa kwamba hajui Kiarmenia vya kutosha. Wasanii wa jumba lenyewe walijitokeza kumtetea. Mwaka 2021 alichukua uongozi wa muziki wa New York City Opera, kundi lililowahi kufilisika mwaka 2013 na kufufuliwa baadaye.