Q wa kwanza hakuwa Desmond Llewelyn
Wapenzi wengi wa filamu za jasusi James Bond huamini Desmond Llewelyn, yule mzee wa Wales, alicheza Q, mtengenezaji wa vifaa vya kijasusi vya Bond, tangu mwanzo bila kukosa filamu hata moja. Sivyo. Katika Dr. No (1962), anayemkabidhi Bond bastola ya Walther PPK ni Peter Burton, kama Meja Boothroyd, ndiye Q mwenyewe. Burton alibanwa na kazi nyingine, Llewelyn akaingia 1963. Katika filamu ya 1973 hakuwekwa kabisa. Jumla yake ni filamu 17, hadi 1999.

Hata ule ukali wa Q kwa Bond haukuwa wazo la Llewelyn: mwongozaji Guy Hamilton ndiye aliyemtaka amchukie Bond, mharibifu wa vifaa vyake. Tazama Goldfinger (1964), anapoeleza kiti cha gari la Aston Martin DB5 kinachomrusha abiria nje. Bond anadhani ni utani, mzee hatabasamu.