Kijiji hakionekani kwa ramani ndo hakipo? Dhana potofu kuhusu vijiji vya Lamu na Malindi

Hii ya kwanza ndo inaniuma zaidi manake inawagusa watu wenyewe: ati ukiandika jina la kijiji kwa simu likakosa kutokea, basi hicho kijiji hakipo, mtu kakibuni. Jamani. Mtu wa visiwani anaenda kuomba kitambulisho, anaulizwa katoka kijiji gani, anataja, karani anaandika alivosikia yeye, alafu baadae mtu mwengine amekaa na kompyuta huko anasema jina hili halipo. Kijiji kina msikiti, kina makaburi ya babu zake, kina watoto wanaoenda chuoni, yaani madrasa, kila siku, na yeye anaambiwa hana anakotoka.

Ukweli ni kwamba majina ya huku hayajawahi kuwa na tahajia moja. Chukua Faza, Wareno waliandika Ampaza, wenyewe wengi wanasema Paza, na kuna wanaoiita Rasini, zote hizo ni mji mmoja pale kisiwa cha Pate. Siyu utaikuta Siu, Kiwayu utaikuta Kiwaiyu, Tchundwa ni Chundwa, na Pate yenyewe kwenye vitabu vya zamani ni Patta. Wazee wetu waliandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, na zile herufi asili yake hazina p wala ch wala v, alafu i na e zilikuwa zinabebwa na alama moja, u na o vilevile, kwa hivo msomaji ilikuwa lazima awe tayari anapajua mahali ndo asome sawa. Wakaja wageni, Wareno kwanza, baadae Waingereza, na Wajerumani waliokuwa Witu, huko bara ya Lamu, toka 1885 mpaka 1890, kila mmoja akaandika kwa sikio lake. Na ile kamati ya lugha ya 1930 ilipokuja kupanga Kiswahili sanifu ilifuata Kiunguja, lahaja ya Unguja, sio Kiamu cha Lamu wala Kibajuni. Hata Gede karibu na Malindi mpaka leo wengine wanaandika Gedi, na magofu yake yameingizwa urithi wa dunia 2024 kwa tahajia hiyo ya Gedi, na hakuna hata mmoja anaeuliza kama yapo. Kwa nini kijiji kidogo cha wavuvi kihukumiwe kwa herufi moja?

Dhana nyengine imekaa upande wa pili: jina likionekana tovuti tatu nne basi limethibitishwa. Hapana, tovuti nyingi zinachota databesi moja kama GeoNames, orodha ya majina ya mahali iliyoko mtandaoni, na nukta iliyokosewa mara moja inazagaa kila mahali, kwa hivo hao mashahidi wanne ni shahidi mmoja. Alafu kuna vijiji vilivyokuwepo kweli na watu wakahama. Vita vya Shifta, vya waasi wa Kisomali waliotaka kujitenga na Kenya, miaka ya 1963 mpaka 1967 viliwatoa Wabajuni wengi vijiji vyao vya bara wakakimbilia visiwani na kwengineko, sasa ukiona jina kwa ramani ya kabla ya hapo usiseme ni la uongo, wala usiseme leo kuna watu wanaishi. Takwa pale Manda ilihamwa karne ya 17 na jina bado lipo. Swali la kuuliza ni lilikuwepo mwaka gani.

Na hii ya "jina moja mahali pamoja" pia imewapoteza wengi. Shela iko Lamu, na Malindi kuna Shella. Na jina Malindi lenyewe pia ni la mtaa mmoja Unguja mjini. Soma jina pamoja na kata na kaunti, Malindi iko Kilifi, msichanganye.

Sasa unathibitishaje. Mimi naanza na mahali, sio jina: tafuta vipimo vya longitudo na latitudo, fungua picha ya setilaiti uangalie mapaa, njia, mashua zimefungwa wapi. Alafu orodha ya vituo vya kupigia kura ya IEBC, tume ya uchaguzi ya Kenya, hii watu wanaisahau kabisa na ni nzuri sana kwa sababu vituo vingi ni shule za msingi, na shule hubeba jina la kijiji. Sensa ya 2019 itakufikisha mpaka kata ndogo tu, kwa hivo kijiji kikikosekana humo si hoja. Ramani za zamani za Survey of Kenya za 1:50,000 pia zinafaa, ila ziangalie mwaka.

Baada ya hapo uliza watu. Manahodha wa Mokowe, bandari ya bara inayovusha watu kwenda Lamu, wazee, chifu. Lakini usimtajie mtu jina uliloliandika wewe, manake kwa adabu atakwambia ndio ndio hapo hapo, mwonyeshe mahali umuulize "huku nyinyi mwapaitaje?" alafu nyamaza. Akikupa majina mawili yaandike yote mawili, na uandike nani anatumia lipi.