Hekalu la Umma na Hekalu la Ukoo katika Sheria ya India

Kwa sheria ya India, hekalu la Kihindu ni la umma pale Wahindu kwa jumla, au kundi lao kama madhehebu fulani au wakazi wa kijiji, wanapokuwa na haki ya kuingia na kuabudu. Ni la binafsi pale wanaonufaika wanapokuwa watu wanaoweza kutajwa: mwanzilishi, familia yake na vizazi vyake. Uzito wote uko kwenye neno haki. Mlango kuwa wazi hakutoshi.

Anayejua wakfu wa jamaa na wakfu wa kheri atalishika jambo hili upesi, ila mali ya hekalu huhesabiwa kuwa ya mungu mwenyewe aliyesimikwa humo. Sheria inamtambua kuwa nafsi ya kisheria: anamiliki ardhi, anashtaki na kushtakiwa kupitia msimamizi wake, aitwaye shebait. Mwaka 1925 Privy Council ya London, iliyokuwa mahakama ya mwisho ya rufaa kwa India wakati huo, ililithibitisha hilo katika kesi ya ukoo wa Mullick wa Calcutta. Sanamu ya ukoo huo iliabudiwa kwa zamu, na mmoja wa warithi alitaka kuihamishia nyumbani kwake kila zamu yake inapofika. Mahakama ilikataa kuichukulia kama kitu cha kuhamishwa apendavyo msimamizi. Ikaagiza mungu huyo awe na mtu wa kumsemea asiye na maslahi katika ugomvi.

Kwa kuwa umiliki huo wa mungu upo katika aina zote mbili, kuuliza "mali ni ya nani?" hakusaidii. Swali ni nani wanaonufaika na ibada. Mahakama ya Juu ya India ililiweka sawa mwaka 1957 katika kesi ya Deoki Nandan dhidi ya Murlidhar, iliyohusu hekalu la Radha na Krishna kijijini Bhadesia, wilaya ya Sitapur. Mwanzilishi hakuwa na mtoto, na alikuwa ameacha wosia wa mwaka 1919. Majaji walitazama mambo madogo madogo. Hekalu lilijengwa peke yake kwenye kiwanja kitupu, nje ya makazi ya familia. Sanamu ilikazwa moja kwa moja kwenye kitako chake, haikuwa ya kubebwa. Ibada iliendeshwa na kuhani aliyeajiriwa. Wosia ulitaja kamati ya watu wanne, na wawili kati yao hawakuwa jamaa. Mtu asiye na mtoto wa kumrithi hajengi jengo la namna hiyo kwa ajili ya ukoo usiokuwapo. Likaamuliwa kuwa la umma.

Kosa linalorudiwa sana katika kesi hizi ni kuleta mashahidi kumi waseme wamekuwa wakiingia miaka na miaka bila kuzuiwa. Privy Council ilikwisha kulijibu hilo: si kawaida ya Wahindu kumrudisha mlangoni mtu aliyekuja kuabudu, kwa hiyo kumkaribisha hakuthibitishi kwamba hekalu limetolewa kwa umma. Naona kauli hiyo ni ya busara sana, maana bila hiyo kila familia karimu ingekuwa inajinyang'anya hekalu lake. Shahidi mwenye uzito ni yule anayeonyesha kwamba waumini walidai na wakapata: walichangia ujenzi, walisimamia sikukuu, walihoji hesabu, wala hawakuomba ruhusa ya mtu.

Sura ya jengo nayo hudanganya. Mahekalu ya madhehebu ya Vallabha, wanaomwabudu Krishna, hujengwa kama nyumba kubwa ya kuishi. Hata hivyo Mahakama ya Juu iliamua mwaka 1963 kuwa lile la Nathdwara, Rajasthan, ni la umma, na mwaka 1969 ikaamua hivyo hivyo kwa hekalu la Gokulnathji la Nadiad, Gujarat. Vilevile, familia kuendesha hekalu kwa karne nyingi hakulifanyi kuwa la binafsi. Hekalu la Padmanabhaswamy la Thiruvananthapuram ni la umma, na hukumu ya Julai 2020 bado iliiachia familia ya kifalme ya Travancore, ufalme wa zamani wa eneo hilo, haki ya ushebait.

Mahali pia pana maana. Mwaka 1934 Privy Council ilisema kuwa katika sehemu kubwa ya jimbo la Madras hekalu huchukuliwa kuwa la umma mpaka ithibitishwe vinginevyo, lakini dhana hiyo haiwi na nguvu Malabar, pwani ya magharibi ya jimbo hilo, ambako koo zilikuwa na desturi ya kujijengea mahekalu yao.

Ukoo unaotaka hekalu lake libaki la binafsi uandike hati inayowataja wasimamizi wa ukoo, utenge mali ya kutosha kulitunza, na usitegemee sadaka za watu. Hayo ndiyo yaliyopimwa katika kesi ya Radhakanta Deb ya Orissa mwaka 1981, na hekalu lile likabaki la binafsi. Kuweka sanduku la sadaka na kukusanya michango kwa ajili ya paa jipya ni kuwajengea ushahidi watakaoshtaki kesho.

Jibu likishapatikana, mengi hubadilika. Kwa hekalu la umma, watu wawili au zaidi wenye maslahi wanaweza, kwa idhini ya mahakama, kufungua shauri chini ya kifungu cha 92 cha Kanuni za Mwenendo wa Mashauri ya Madai za 1908, wakiomba msimamizi aondolewe au atoe hesabu. Maharashtra inataka amana ya umma, hekalu la umma likiwamo, isajiliwe kwa kamishna ndani ya miezi mitatu tangu kuanzishwa. Tamil Nadu mzozo huanzia kwa maofisa wa idara ya mahekalu chini ya kifungu cha 63 cha sheria ya 1959, kisha rufaa kwa Kamishna, kisha mahakamani. Hekalu la binafsi liko nje ya hayo yote.

Lakini liko jambo moja ambalo ubinafsi wa hekalu haulikingi. Katiba, ibara ya 25, inaruhusu sheria za kufungua mahekalu ya umma kwa Wahindu wa matabaka yote. Sheria ya Kulinda Haki za Kiraia ya 1955, baada ya marekebisho ya 1976, inakwenda mbele zaidi: mahali pa ibada pa mtu binafsi ambapo mwenyewe anapaacha patumike kama pa umma huhesabiwa kuwa mahali pa ibada ya umma. Mwenye hekalu la ukoo anayewapokea majirani kuabudu akimzuia Mdalit, yaani mtu wa jamii zilizotengwa kama najisi, kwa sababu ya utabaka, ametenda kosa la jinai, hata kama hati zake za umiliki hazina kasoro.