Taa ya getini: inamisha kwanza, sensa ya mwendo baadaye

Ile taa bapa ya LED ya wati 50, ikifungwa ukutani ikaelekezwa barabarani, humwaga mwanga mwingi kwa jirani na angani. Mimi naifunga kioo kikitazama chini kabisa. Kuhakikisha ni rahisi: simama nje ya geti. Ukiziona punje za LED zenyewe, taa bado imeinuka.

Usiku wa ukungu, huku kwetu Mbeya, Uyole au Tukuyu, kosa hili halijifichi. Badala ya ua unamulika ukuta mweupe. Wengi husema dawa ni taa ya njano, lakini matone ya ukungu hutawanya rangi zote karibu sawa. Dawa ni pembe. Taa ya kelvini 2700 au 3000, yaani ya rangi ya njano, naichagua kwa mengine: haivuti wadudu kama ile nyeupe ya 6500, na anga likiwa safi mwanga wake hautawanyiki sana.

Kisha muda. Taa 4 za wati 50 zikiwaka saa 12 hula uniti 2.4 kwa usiku, yaani uniti 72 za LUKU kwa siku 30. Fotoseli, swichi inayowasha taa giza likiingia na kuizima kukicha, peke yake haiokoi kitu hapo, na asubuhi ya ukungu huchelewa kuzima. Iongezee taima, swichi yenye saa, inayoruhusu umeme saa 12 jioni hadi saa 5 usiku. Taima itangulie, fotoseli ifuate, ndipo taa. Ukigeuza mpangilio, saa ya taima itasimama kila mchana. Nunua yenye betri, maana isiyo nayo huchelewa kila umeme unapokatika. Huku kwetu usiku wa Juni na wa Desemba hupishana kama saa moja tu, kwa hiyo ukishaipanga basi.

Baada ya saa 5 iachie sensa ya mwendo taa moja ya getini, kwa waya wake usiopitia taima: sensa iwe mita 2.5 kutoka chini, iwashe taa kwa dakika 2, mgeni akatize mbele yake, asiijie usoni. Baridi ya Juni na Julai huifanya ione joto la mwili kwa mbali zaidi. Punguza ukali wake, la sivyo kila mbwa apitaye atawasha taa.

Taa ikiwaka na kuzima mfululizo jua likizama, fotoseli inauona mwanga wa taa yake. Igeuzie upande wa pili. Ikizimwa ikabaki na mng'ao hafifu, mara nyingi fundi alipitisha nyutro (waya wa kurudisha umeme) kwenye swichi badala ya laini (waya unaoleta umeme). Usipande ngazi kufuta kioo kabla hajarekebisha: taa imezima, waya bado una umeme.