Je, wajua kwa nini jua la Mwanza humkimbiza mwongozaji wa filamu?

Tuseme una filamu fupi ya wahusika tisa. Hakuna nyota, kila mmoja ana neno lake, na yote yanatokea jioni moja ufukweni, mkabala na Jiwe la Bismarck, lile jiwe la ndani ya Ziwa Viktoria. Unautaka ule mwanga wa dhahabu. Una dakika 24 hivi. Saa nzima ya mwanga huo wanayoisema kwenye mafunzo ya mtandaoni ni ya watu wa mbali na Ikweta.

Mwanza iko digrii 2.5 tu kusini mwa Ikweta, kwa hiyo jua hushuka karibu wima, kama ndoo kisimani. Dunia inazunguka digrii 15 kwa saa, yaani digrii moja kila dakika nne. Dhahabu yenyewe huja jua likibakiza kama digrii sita kuzama: miale inakata hewa nyingi zaidi, bluu inatawanyika njiani, njano na nyekundu zinafika. Sita mara nne, 24. Likishazama, baada ya dakika 20 na kidogo ni giza. London mwezi Juni jua linashuka kimshazari, na nuru hiyo ya baada ya machweo peke yake huzidi dakika 45.

Sasa wagawie watu tisa. Shoti ya wote, kisha uso wa kila mmoja, na kila ukihamisha kamera dakika tatu zimekwenda. Ukifika kwa wa saba, mashavu yake ni ya kijivu ilhali anayejibizana naye anang'aa kama chungwa.

Wengi hurudi jioni tatu nne na kuomba wingu lisikae. Mimi napenda ujanja wa wanaothubutu: usikate kabisa, yote yawe shoti moja. Mchana kutwa ni mazoezi, kokoto ya alama kila mguu unaposimama, maana nusu hatua tu unamziba mwenzako. Saa kumi na mbili na nusu kamera inawaka, mara moja. Enzi za mkanda isingewezekana: kopo la futi 1,000 la milimita 35 liliisha kwa dakika 11. Leo adui ni betri, na bodaboda anayepiga honi katikati ya kilio.

Tena chagua siku za giza. Wavuvi wa dagaa huzipenda, kwa kuwa mbalamwezi hushindana na taa zao. Basi nyuso zikishapotea usizime kamera. Ngoja taa zianze kuwaka moja moja kule majini.