Kebo ya Faiba Huchaguliwa kwa Mahali Itakapolazwa: Maelezo kwa Wenye Majengo Unguja na Pemba

Kila masika yanapopita, malalamiko yanayofika mezani kwetu, sisi tunaokagua kebo na kupokea maombi ya kuunganishwa, hubadilika sura. Mwananchi ambaye mwezi wa Februari alilalamika kuwa mtandao ni mzito, mwezi wa Juni huja kusema kwamba hakuna mtandao kabisa, na aghalabu huja akiwa amekwishagombana na kampuni inayompa huduma. Mafundi wetu wanapofuatilia, mara nyingi hukuta kuwa mwanga, ambao ndio unaobeba mtandao ndani ya uzi wa kioo wa faiba, unafika salama kwenye kisanduku cha mpakani na kwamba unapotea baada ya hapo, ndani ya kiwanja cha mlalamikaji, kwenye kebo ambayo aliinunua na kuilaza mwenyewe. Hatusemi kwamba kila lalamiko liko hivyo, kwani yapo makosa ya kampuni, nayo yana utaratibu wake wa kushughulikiwa. Makala haya yanahusu kipande kile cha mwisho, ambacho ni mali na dhamana ya mwenye jengo, awe ni mwenye nyumba ya wageni Paje au Jambiani, mwenye fleti za kupangisha Fumba, au kamati ya skuli Chake Chake.

Kuilaza kebo mwenyewe hakukatazwi. Tatizo ni kuwa mnunuzi huingia dukani na maswali mawili tu, yaani bei ya mita moja na idadi ya nyuzi zilizomo, wakati swali lililotakiwa kutangulia ni lile la wapi kebo hiyo itapita: juani, ardhini, hewani, ukutani au ndani ya dari. Idadi ya nyuzi haiongezi kasi. Uzi mmoja wa kioo, kwa mfumo unaotumika zaidi majumbani, hugawanywa kwa wateja 32 na wote wakapata huduma, kwa hiyo mwenye nyumba ya vyumba vinne anayenunua kebo ya nyuzi 24 amenunua nyuzi za kulala tu. Awekeze fedha hizo kwenye ganda.

Kioo chenyewe ni kile kile karibu katika kebo zote zinazouzwa kwa kazi hii. Unene wake ni mikroni 125 (mikroni elfu moja ni milimita moja), njia ya mwanga iliyo katikati yake ni mikroni 9 hivi, na juu yake hupakwa utando unaoufikisha uzi kwenye mikroni 250. Kuanzia hapo watengenezaji huenda njia mbili. Njia ya kwanza ni kuziachia nyuzi zielee ndani ya mrija wa plastiki, kwa kawaida nyuzi 12 kwa mrija mmoja, kila uzi na rangi yake, pamoja na jeli inayozuia maji yasitambae ndani. Nyuzi hukatwa ndefu kidogo kuliko mrija wenyewe, ili kebo inapovutwa, au plastiki inapotanuka kwa jua na kunywea kwa baridi ya usiku, kioo kisihisi chochote. Hii ndiyo kebo ya nje, ya masafa, ya mitaroni na nguzoni. Siku hizi ziko ambazo badala ya jeli hutiwa unga na nyuzi zinazovimba zikigusana na maji, na mafundi huzipenda kwa sababu mikono haichafuki.

Njia ya pili ni kuubana kila uzi kwa plastiki inayoushika barabara mpaka unene ufikie mikroni 900. Kebo ya namna hii ni laini, huungwa kwa urahisi, haina jeli, na inafaa kupanda ngazi na kupita ndani ya dari. Nje haifai, kwa sababu mvuto wowote na unyevu wowote huenda moja kwa moja kwenye kioo.

Tofauti hiyo inaonekana ndogo mpaka mtu aikosee. Katika nyumba moja ya ghorofa tatu Mji Mkongwe, fundi alichukua kebo ya mrija na jeli iliyotoka nguzoni, akaipandisha wima hadi paa bila kubadilisha kebo wala kuziba mrija. Baada ya msimu mmoja wa kaskazi mwenye nyumba alituita kuona kile alichokiita mafuta yanayotoka ukutani. Tulipofungua kisanduku cha chini tulikuta jeli imeteremka kwa joto na kujaa nusu ya kisanduku, viungio vimelowa, na sisimizi wawili wamenasa humo wakiwa wazima. Kebo haikuwa mbovu. Ilikuwa nzuri sana kwa kazi ambayo siyo ile. Ilipaswa iishie kwenye kisanduku pale inapoingia jengoni, na kutoka hapo iendelee kebo ya ndani iliyobanwa, yenye nyuzi za aramidi, yaani nyuzi imara za kiwandani zisizo za chuma, za kubeba mvuto.

Sehemu kubwa ya malalamiko tunayopokea, hata hivyo, yanatokana na ile kebo ndogo ya ubapa inayouzwa kwa jina la kebo ya nyumbani. Ina uzi mmoja au miwili, na pembeni mwake vijiti viwili vya kuupa nguvu, ambavyo huwa vya chuma au vya plastiki iliyochanganywa na nyuzi za kioo. Iko ya ndani, ambayo mara nyingi ni nyeupe, ubapa wake ni milimita 2 kwa 3, na iko ya nje, nyeusi, yenye waya wa tatu ulioshikamana nayo ubavuni kwa ajili ya kutundikwa. Hizi ni kebo mbili tofauti, na kufanana kwake kumewagharimu watu wengi.

Mezani kwangu kipo kipande cha nyeupe kilichokatwa kwenye ukuta wa nyumba ya wageni ya upande wa mashariki, hatua chache kutoka baharini. Ukilisugua ganda lake kwa kidole gumba, kidole hutoka na unga kama wa chokaa. Ukikitazama pale kilipokatwa utaona vijiti viwili vya chuma vimekuwa kahawia, na ukutani kutu ilikuwa imetiririka kiasi cha shubiri moja chini ya kila msumari. Kioo kilikuwa kizima kwa mita kumi na tisa. Mita ya ishirini, nyuma ya mlizamu, ganda lilikuwa limepasuka kwenye kona, chumvi imeingia, na uzi ulikuwa umekatika. Mwenye nyumba alisisitiza kuwa alinunua bora kwa sababu nyeupe inapendeza ukutani. Ninaheshimu macho yake, lakini weusi wa kebo ya nje si urembo wala upungufu wa urembo: ni masizi ya kaboni yaliyochanganywa na plastiki ili jua lisiile. Ganda lisilo na kinga hiyo, kwa jua letu, halina umri.

Kuhusu vijiti, ushauri wetu kwa visiwa hivi ni kuchagua visivyo vya chuma popote inapowezekana. Chuma hushika kutu kwa hewa ya chumvi, na zaidi ya hapo huweza kuleta ndani umeme wa radi au wa waya wa umeme ulioanguka. Kioo hakipitishi umeme, na wananchi wanaohofia kwamba faiba itawapiga shoti wanaogopa kitu kisicho; lakini kijiti cha chuma kilichofungwa pamoja na kioo hicho kinapitisha, na hilo ndilo la kuogopwa.

Hapa inaingia kebo yenye deraya, ambayo watu huinunua kwa imani kubwa. Deraya ni utepe wa bati la chuma lililofanywa mikunjo na kuzungushwa chini ya ganda la nje. Inafaa mahali penye panya, na inafaa zaidi kwenye ardhi ya maweni ambapo mtaro hauchimbiki kwenda chini na ncha za jiwe la matumbawe hukandamiza kebo kutoka kila upande. Kwa kiwanja cha namna hiyo deraya ina thamani yake yote. Lakini ni lazima iungwe na waya wa ardhi pale kebo inapoingia jengoni, na katika majengo tunayokagua hatua hiyo ndiyo inayorukwa kuliko zote. Mahali penye udongo laini na bomba zuri la plastiki lililozikwa, kebo ya kawaida ya mrija isiyo na chuma hutosha na huleta matatizo machache. Na deraya haikutengenezwa ili ining'inizwe kutoka mnazi hadi mnazi. Ni nzito, haina waya wa kuibeba, na mnazi wakati wa kusi hauishi kuyumba.

Ya kutundikwa ina aina zake. Iko yenye umbo la nane, ambayo waya wa chuma umeungana nayo juu kwa ganda moja, na iko ile isiyo na chuma hata kidogo, inayobebwa na nyuzi za aramidi zilizomo ndani yake, ambayo ndiyo inayostahili kukaa karibu na njia za umeme. Zote mbili huagizwa kwa kutaja umbali kati ya nguzo na nguzo. Muuzaji asiyekuuliza umbali huo, muulize yeye.

Ndani ya jengo swali hugeuka kuwa la moto. Ganda la PVC likiungua hutoa moshi mzito wenye tindikali, na ganda la polithini la kebo za nje hushika moto na kuusafirisha. Kanuni za Marekani huruhusu kebo ya nje iingie jengoni si zaidi ya futi 50, yaani mita 15 hivi, kabla ya kuishia kwenye kisanduku, na hata kwa asiyefungwa na kanuni hizo kipimo hicho ni cha busara. Kwa ngazi, korido na vyumba vya wageni, tunataka ganda lenye moshi mdogo lisilo na halojeni, ambalo huandikwa LSZH ubavuni mwa kebo. Mwenye hoteli ya paa la makuti hahitaji kuelezwa zaidi.

Jambo la kona ni fupi lakini lina gharama. Kebo inapovutwa, nusu kipenyo cha mpindo wake kisipungue mara 20 ya unene wake, na ikishatulia, mara 10. Kuta za Mji Mkongwe ni nene na milango yake ina kona kali, hivyo kwa kazi ya ndani chagueni uzi wa daraja la G.657.A2, unaostahimili mpindo wa nusu kipenyo cha milimita 7.5, badala ya G.652.D ambao kipimo chake ni milimita 30. Uzi wa daraja la multimodi, wenye njia pana ya mikroni 50, usinunuliwe kwa kuunganishwa na mtandao wa mtaani hata ukiwa wa bei ya kutupa, maana vifaa vya upande wa pili havizungumzi nao.

Sasa utaratibu, ambao tunaomba usomwe kabla ya kuchimba. Kebo ikikata barabara, ruhusa hutolewa na mamlaka ya barabara na anayechimba ndiye anayerejesha lami. Ikipita kwenye nguzo za umeme, ruhusa ya maandishi hutoka Shirika la Umeme, na kukubaliwa na jirani, au hata na sheha, hakuchukui nafasi yake. Ndani ya Mji Mkongwe, ambao tangu mwaka 2000 umo katika Urithi wa Dunia, hakuna tundu linalotobolewa wala kisanduku kinachopigiliwa kwenye ukuta wa nje kabla ya kibali cha Mamlaka ya Hifadhi na Uendelezaji wa Mji Mkongwe. Kuta hizo ni za jiwe la matumbawe na chokaa. Msumari wa zege huzichana, na kutu ya kijiti cha chuma huzitia doa lisilotoka.

Baada ya kulaza, jalada la maombi ya kuunganishwa liwe na mchoro wa njia, picha ya maandishi yaliyochapwa kwenye ganda pamoja na namba za mita za mwanzo na mwisho, na kipimo cha OTDR, yaani kifaa kinachotuma mwanga ndani ya uzi na kuonyesha mahali unapopotea, kwa pande zote mbili, kwa mawimbi ya nanomita 1310 na 1550. Tunarudisha majalada mengi yaliyopimwa kwa 1310 peke yake. Wimbi la 1550 ndilo linalofichua kona iliyobanwa, na fundi anayelikwepa hutufanya tuulize sababu. Matarajio yetu ni upotevu wa desibeli 0.35 hivi kwa kilomita kwenye 1310, takriban 0.2 kwenye 1550, na kiungio cha kuyeyusha kisichozidi 0.1. Jalada lisilotimia halikataliwi, bali hurudishwa na barua inayotaja kilichokosekana, nalo likirejeshwa hupanga foleni upya. Kebo iliyounganishwa kinyemela hupewa notisi, kisha hukatwa kwenye kisanduku cha mpakani, na gharama za kukata na za kurejesha hulipwa na mwenye jengo, si na fundi aliyemwajiri.

Anayekata kebo ya mwenzake au ya mtandao wa taifa, hilo ni kosa la jinai na hupelekwa polisi, pamoja na madai ya matengenezo. Wengi wanaokamatwa husema walitafuta shaba. Tumekwishaeleza redioni, kwenye mikutano ya shehia na skulini kwamba ndani ya kebo ya faiba hakuna shaba, na tunaeleza tena hapa: kuna kioo, plastiki, jeli na pengine bati la chuma ambalo mnunuzi wa vyuma chakavu halilipii nauli.

Kabla ya fundi kuondoka, mwenye jengo abakishe kipande cha mita moja cha kila aina ya kebo iliyotumika, chenye maandishi yake, akifunge kwa kamba na kukiweka pamoja na risiti. Ikitokea hitilafu, kipande hicho ndicho cha kwanza ambacho mkaguzi wetu atakiomba.