Sanaa ya medianuwai ni nini, na inashughulikaje na kumbukumbu za Mombasa?

Sanaa ya medianuwai ni kazi moja inayounganisha vyombo viwili au zaidi vya kueleza: picha, sauti, video, kitambaa, maandishi, hata harufu ya udi. Wingi wa vyombo hautoshi. Ondoa kimoja uone: maana ikibaki ileile, hicho kilikuwa pambo tu.

Anayechunguza utambulisho na historia ya jamii huhitaji vyombo kadhaa kwa kuwa kumbukumbu zenyewe zimetawanyika. Katika miaka ya 1950 na 1960, watu wa Mombasa walikwenda studio, kama ile ya N. V. Parekh, wakiwa wamevaa nguo zao bora. Picha inaonyesha walivyotaka kuonekana. Haisemi nani alilipa, wala nani alikatazwa kuingia kwenye picha; hayo utayapata kwa nyanya aliyekuwapo. Leso nayo ina pindo, mji (sehemu ya katikati) na jina (maandishi yake), na jina hubeba kijembe ambacho mwenye kuivaa hangekitamka mbele ya jirani. Vikiwekwa pamoja, picha, sauti na leso huanza kupingana. Hapo ndipo kazi yenyewe inapoanza.

Freretown ni mfano mzito zaidi. Makazi hayo ya Mombasa yaliasisiwa na wamisheni wa CMS, shirika la Kianglikana la Uingereza, katika miaka ya 1870 kwa watu waliokombolewa utumwani. Wengi walipewa majina ya ubatizo, na ndiyo yaliyoingia kwenye madaftari. Msanii akionyesha daftari peke yake, anarudia kufuta jina ambalo mtu alitoka nalo kwao. Ndiyo maana sauti za wajukuu ni lazima, wakikubali. Ziko familia ambazo hazitaki asili yao itajwe hadharani, na hilo liheshimiwe bila mjadala.

Picha iskaniwe kwa nukta 600 kwa inchi, mbele na nyuma, kwani mhuri wa studio na tarehe huwa nyuma. Iliyoganda kwenye kioo kwa unyevu wa pwani usiibandue, rangi itabaki kiooni. Iskani juu ya kioo hichohicho. Unaporekodi mazungumzo, zima feni na friji, kisha rekodi dakika moja ya chumba kikiwa kimya ili uitumie kuziba mikato wakati wa kuhariri.

Kosa linaloharibu maonyesho mengi ni spika mbili katika chumba kimoja. Kuta za mawe katika nyumba za Mji wa Kale hurudisha mwangwi, na maneno ya mzee hayasikiki tena. Masimulizi yawekwe kwenye hedifoni, spika iachiwe sauti za mtaa. Video ya uani haitaonekana vizuri kabla ya magharibi. Usipigilie misumari kwenye lipu ya chokaa, humomonyoka. Tundika leso kwa kamba kutoka kwenye boriti.

Idhini ziombwe tatu, kila moja peke yake: ya kurekodi, ya kuonyesha, na ya kuweka mtandaoni. Kwa sheria ya Kenya, hakimiliki ya picha hudumu miaka 50, lakini kwisha kwake hakumaanishi kwamba familia imeridhia. Kabla ya ufunguzi, wenyewe waitwe waione kazi ikiwa imepangwa, kwani mtu aliyekubali sauti yake isikike huenda asikubali iwekwe kando ya picha ya mtalaka wake. Nakala za kila kitu zirudi kwao, picha zikiwa zimechapishwa kwenye karatasi, maana wazee wengi hawana kompyuta.